Jinsi ya kusaka hadithi ya kutisha iliyopotea mtandaoni bila kujiletea balaa

Wakuu, kuna ugonjwa fulani ukishakuingia hautoki. Zamani, enzi za Nokia za vitufe na Opera Mini, ulisoma hadithi ya kutisha mtandaoni ikakunyima usingizi siku tatu, ukaisahau, miaka imepita uko zako kwenye daladala inakurudia ghafla. Unaingia Google unaandika maneno unayoyakumbuka, hola. Unabadilisha maneno, hola. Unaanza kujiuliza labda niliota. Hapo ndo msako unaanza, na una raha yake sikatai, ila njiani kuna mashimo na mimi nishadumbukia mawili matatu ndo maana naandika hii.

Ya kwangu ilikuwa ya kiti. Mwaka 2011, kafe ya intaneti Morogoro, zile za kulipia nusu saa halafu kompyuta inajifunga yenyewe muda ukiisha. Mlinzi wa zamu ya usiku kwenye jengo la maofisi huko Marekani anaangalia kamera, ghorofa ya nne kuna kiti mwisho wa korido, na kila usiku akiangalia kiti kimesogea kidogo kuelekea kamera, kama futi moja hivi, na hakuna anayekisogeza. Muda ukaisha, kompyuta ikafunga, mfukoni nina nauli tu. Nikamuuliza jamaa yangu aliyekaa mashine ya pembeni, we uliimaliza? Akanihadithia mwisho, kwamba kiti kilifika mpaka kwenye kamera, halafu usiku uliofuata ile kamera ikawa inaonyesha chumba cha mlinzi mwenyewe, kwa nyuma. Aisee. Nilitembea na huo mwisho miaka kumi na kitu.

Hadithi za aina hii wenyewe wanaziita kripipasta, jina limetokana na kukopi na kupesti kwa sababu ndo zilivyosambaa, mtu anabandika bila jina, mwingine anaibeba anaibandika kwingine, anabadili mwisho, anaongeza picha, baada ya mwezi hakuna anayejua nani alianza. Zilishika moto kuanzia 2007 hivi pale 4chan, jukwaa la mtandaoni ambalo watu wanabandika bila kujitaja, ingawa za kabla zipo, ile ya Ted, jamaa anayeingia pangoni na kuandika yanayomkuta, ilikuwa hewani tangu 2001 kwenye kurasa za bure za Angelfire. Sisi huku zilitufikia kwa mlango wa nyuma, zile meseji za "usipomtumia mtu 15 leo usiku atakuja kusimama miguuni mwa kitanda chako", nyingine ni kripipasta iliyokatwa mwili ukabaki mkia.

Kabla ya yote, imepotea kweli au kupotea ndo hadithi yenyewe?

Hapa ndo wengi wanaliwa kichwa, kwa hiyo nitakaa sana. Hizi hadithi zina tabia ya kujidai zimepotea. Ni sehemu ya utamu. "Video hii ilifutwa", "aliyeandika hajaonekana tena", "kopi moja tu imebaki". Wewe unasoma unaamini kuna kitu kimefichwa, unatoka kwenda kukitafuta, kumbe mwandishi ameweka hayo maneno makusudi kama mpishi anavyoweka pilipili.

Chukua Candle Cove. Iliandikwa 2009 na Mmarekani anaitwa Kris Straub, akaiweka kwenye tovuti yake. Imeandikwa kama mazungumzo ya watu wazima mtandaoni wanakumbushana kipindi cha watoto cha miaka ya 70 chenye vikaragosi na maharamia, kila mmoja anaongeza anachokumbuka na kinazidi kuwa cha ajabu, mpaka wa mwisho anasema amemuuliza mama yake, mama kamwambia mbona ulikuwa unawasha TV unakaa nusu saa unaangalia chenga tupu. Basi imeisha hapo. Sasa kuna watu walitoka wakaanza kutafuta kanda za hicho kipindi! Na wengine wakatengeneza video za "Candle Cove halisi" wakapandisha YouTube, kwa hiyo ukitafuta leo unazikuta na zinafanana na kitu cha zamani kweli. Hadithi haijapotea hata siku moja, unaipata dakika mbili. Kipindi ndo hakikuwahi kuwepo.

Ya Ted hivyohivyo. Mwisho wake anasema anarudi pangoni, halafu kimya, hakuna tena kilichoandikwa. Msomaji anadhani kurasa za mbele zimefutwa anaanza kuzisaka. Hamna kurasa za mbele mkuu, kimya ndo mwisho.

Na kuna zile za video. Ile yenye jina refu kama la dawa ya malaria, Mereana Mordegard Glesgorv, hadithi inasema kuna toleo fupi la kuangalia na kuna toleo zima ambalo walioliona walijing'oa macho wakayatuma kwa posta ofisi za YouTube San Bruno. Hebu fikiria aliyejing'oa macho anaandikaje anwani kwenye bahasha. Lakini watu wanalitafuta toleo zima mpaka leo. Kuna na ile katuni ya Kijapani iliyotajwa 4chan mwaka 2015, Go for a Punch, wengine wanaiita Saki Sanobashi, eti wasichana wamefungiwa chooni wanakata tamaa mmoja baada ya mwingine. Maelfu ya watu waliisaka miaka na miaka, na kilichokuwepo ni maelezo ya mtu mmoja tu.

Kwa hiyo jiulize: kuna mtu aliitaja hii kitu kabla haijaanza kuitwa "iliyopotea"? Kuna jina la aliyetengeneza, hata la utani, na mwaka? Kuna kipande chochote kilichobaki, picha moja, aya moja, kichwa cha habari? Kama majibu yote ni hapana, unatafuta chenga. Kama hata moja ni ndiyo, endelea.

Andika kwanza, gugo baadaye

Chukua karatasi, na nasema karatasi kweli. Andika kila unachokumbuka KABLA hujasoma kitu kingine chochote, kwa sababu ukishasoma hadithi tano zinazofanana kichwa kinachanganya na huwezi tena kujua kipi ulisoma 2011 na kipi umesoma jana. Weka pande mbili, upande huu nina uhakika, upande huu nahisi. Mimi upande wa uhakika nilikuwa na kiti, ghorofa ya nne, mlinzi, maandishi meupe kwenye ukurasa mweusi. Mwisho wa hadithi niliuweka upande wa uhakika pia. Tutarudi hapo.

Usisahau mazingira. Ulisomea wapi, kifaa gani, lugha gani, ilikuwa maandishi au mtu anasimulia, kulikuwa na picha, ulitumiwa linki na nani. Na kama ulikuwa mtumiaji wa Opera Mini kwenye simu za Java, tafuta ile memori kadi yako ya zamani kwenye droo. Opera Mini ilikuwa inakuruhusu kusevu ukurasa na inaweka faili linaloishia na obml au obml16. Ukiliweka kwenye kompyuta utaona halifunguki, usilifute, kuna watu wametengeneza programu ndogo za kuyasoma hayo mafaili. Ni hazina hiyo.

Msako wenyewe

Google ya kawaida imejaa taka, hadithi mpya zimefunika za zamani, kwa hiyo ibane. Weka sentensi unayoikumbuka ndani ya alama za kunukuu, maneno manne mpaka sita yanatosha, ukiweka sentensi nzima na umekosea neno moja hupati kitu. Ongeza before:2012-01-01 mwishoni ili ikuletee kurasa inazodhani ni za kabla ya tarehe hiyo. Weka alama ya kutoa (-) mbele ya neno linalokusumbua ili matokeo yenye neno hilo yasije. Na kumbuka nyingi ziliandikwa Kiingereza, wewe unakumbuka kwa Kiswahili, kwa hiyo "korido" yako inaweza kuwa na maneno matatu tofauti kule, jaribu yote.

Ujanja ambao wengi hawautumii ni lugha nyingine. Kwa kuwa hizi hadithi ziliishi kwa kukopiwa, mara nyingi ya asili imekufa lakini tafsiri inadunda. Wabrazili na Warusi walitafsiri sana hizi vitu. Weka maneno yako kwenye mashine ya kutafsiri, pata Kireno, Kihispania, Kirusi, rudi Google. Mtafsiri mwungwana huwa anaacha linki ya alikoitoa, na linki hata kama imekufa ni dhahabu, maana sasa una anwani.

Ukiwa na anwani nenda Wayback Machine ya Internet Archive, maktaba ya mtandaoni inayotunza kopi za kurasa za zamani. Hawa jamaa wapo tangu 1996, na mashine yenyewe ilifunguliwa kwa watu wote 2001. Bandika anwani, utaona kalenda yenye vidoti, kila kidoti ni siku ambayo ukurasa ulipigwa kopi. Kama ukurasa wenyewe haupo usikate tamaa, chukua anwani ya tovuti peke yake, weka mkwaju na nyota (/*) mwishoni, itakupa orodha ya kila kitu walichowahi kukopi kutoka kwenye tovuti hiyo, mara nyingi hadithi imo kwa jina usilolitegemea. Picha ikikosekana, kopi anwani ya picha yenyewe uibandike peke yake. Na angalia ile namba ndefu kwenye anwani, tarakimu 14, mfano ikianza na 20100417 maana yake kopi ilipigwa tarehe 17 Aprili 2010. Hiyo ndo tarehe ya kuamini, achana na tarehe iliyoandikwa ndani ya ukurasa, hiyo hata wewe unaweza kuandika unayotaka.

Kurasa za GeoCities, ambako watu walikuwa wanajitengenezea tovuti za bure, zilizimwa Oktoba 2009, ila kundi linaitwa Archive Team liliwahi kukopi kiasi kikubwa sana, na kuna vioo, yaani tovuti zinazotunza kopi, kama oocities.org ambavyo vina kurasa hizo, badilisha tu sehemu ya jina kwenye anwani. Yahoo Answers ilifungwa Mei 2021, na huko ndo watu walikuwa wanauliza "kuna hadithi niliisoma inahusu...", ukipata swali la zamani kwenye kopi lina thamani kuliko majibu. Kama ilikuwa mchezo au katuni ya Flash, Flash ilizikwa mwisho wa 2020 lakini Internet Archive wanazichezesha ndani ya kivinjari kwa kitu kinaitwa Ruffle, hakuna haja ya kudanlodi Flash popote, na anayekwambia "sasisha Flash Player uone" ni mwizi.

Video iliyofutwa YouTube ina utambulisho wa herufi 11 kwenye linki. Chukua hizo herufi 11, ziweke ndani ya alama za kunukuu, zigugo. Unaweza kukuta mtu aliibandika mahali akaandika na kichwa chake, na kichwa kinakupeleka kwa aliyeipandisha upya.

Kwa picha, kuna TinEye, tovuti unayoipa picha ikakuonyesha ilikobandikwa, na ina uwezo wa kupanga kuanzia ya zamani kabisa. Kuonyesha kwamba hii kazi inalipa, angalia Backrooms, ule ukumbi wa njano wenye zulia na taa za mirija usio na mtu. Picha ilibandikwa 4chan Mei 2019 na hadithi ikazaliwa pale, dunia nzima ikaijua, na miaka mitano hakuna aliyejua imepigwa wapi. Mei 2024 wakaipata: ilipigwa Juni 2002 ndani ya jengo lililowahi kuwa duka la fanicha mji wa Oshkosh, Wisconsin, wakati linakarabatiwa liwe duka la vitu vya hobi. Kopi ya ukurasa wa mwenye duka ilikuwa imekaa zake Wayback Machine muda wote huo. Picha ya ukarabati bana! Jamaa alikuwa anawaonyesha wateja maendeleo ya ujenzi.

Mashimo

La kwanza nililodumbukia mimi. Nilikuwa kwenye grupu moja la wasakaji, nikauliza kuhusu kiti, mtu nisiyemjua akaja inboksi, "ninayo, na kuna video yake ya dakika 20". Akanitumia linki. Faili lilikuwa na uzito wa KB 900. Mkuu, video ya dakika 20 haiwezi kuwa KB 900, hata ukiibana namna gani, na mimi nilikuwa najua hilo, lakini ilikuwa saa saba usiku na hamu imenipanda. Nikafungua. Kumbe ni apk, yaani programu ya kusakinisha kwenye simu ya Android. Simu ikaanza matangazo mpaka kwenye skrini ya kufunga, asubuhi shangazi yangu ananipigia ananiuliza mbona nimemtumia meseji ya kuomba elfu hamsini na kwa nini namwita "ndugu mpendwa". Nilirudisha simu kiwandani, picha za mwaka mzima zikaenda.

Kwa hiyo angalia uzito wa faili, na angalia mwisho wa jina lake. Hadithi ni maandishi, haihitaji exe wala apk wala zipu yenye paswedi. Kwenye Windows miisho ya majina huwa imefichwa, kwa hiyo "hadithi.pdf" inaweza kuwa hadithi.pdf.exe, nenda kwenye mipangilio uionyeshe. Tovuti ikikuomba ruhusa ya kukutumia notifikesheni ili usome, kataa. Na ukibofya linki ya zamani ikakupeleka kwenye kubeti au picha za uchi, wewe hujakosea anwani, jina la tovuti liliisha muda mwingine akalinunua, ndo maana nasema linki ya zamani ifungulie Wayback, usiibonyeze moja kwa moja. Hata huko Wayback soma kurasa tu, usidanlodi programu, maana kirusi cha 2008 kikikopiwa kinabaki kirusi.

Fungua imeli ya pembeni kwa ajili ya haya mambo na paswedi isiyofanana na nyingine. Siyo uoga, Oktoba 2024 hao hao Internet Archive walivamiwa, taarifa za akaunti kama milioni 31 zikachotwa, na siku kadhaa tovuti haikushika. Kama paswedi yako ya huko ndo ya imeli yako kuu, ulikuwa uchi.

Shimo la pili ni la unachokiona. Ukitafuta "video iliyopigwa marufuku" kuna watu kazi yao ni kukuletea damu halisi, ajali halisi, mtu anauawa kweli, halafu wanacheka. Kripipasta ni uongo wenye sanaa, ile nyingine haitoki kichwani. Zima uchezaji wa video wa otomatiki, zima WhatsApp na Telegram zisidanlodi zenyewe, na fungua kitu cha mashaka kwa picha ndogo kwanza. Ukikutana na picha chafu za watoto funga hapohapo, usisevu, usimfowadie mtu kumuuliza "ndo hii?", kwa sababu hapo umesambaza. Sheria za makosa ya mtandao, Tanzania ya 2015 na Kenya ya 2018, zote zinazigusa hizo picha, na ile ya Kenya inahesabu mpaka kudanlodi na kuwa nazo. Ripoti kwa mtandao husika uondoke. Wale wanaouza "chumba chekundu" cha mtandao wa giza, eti unaangalia mtu akiteswa moja kwa moja, kwa bitikoini, hao wanauza hewa, ila pesa yako ni ya kweli.

Na watoto. Slender Man, lile zimwi refu lisilo na uso, alitengenezwa Juni 2009 na Eric Knudsen kwenye mashindano ya kuhariri picha pale jukwaa la Something Awful, tarehe, jina na picha za kwanza zote zipo, siri hamna. Ila Mei 2014 huko Waukesha, Wisconsin, wasichana wawili wa miaka 12 walimchoma mwenzao visu mara 19 wakiamini wanamfurahisha huyo Slender. Mwenzao alinusurika kwa kutambaa mpaka barabarani. Kama unasaka ukiwa na mdogo wako pembeni anachungulia, mwambie kabisa nani aliandika na lini, jina la mwandishi linaua jini haraka kuliko kumfukuza chumbani.

Wewe mwenyewe pia jipime. Mimi kuna wiki nilikuwa nalala na taa, umeme ukikatika natafuta simu. Nikajiwekea sheria, saa nne usiku laptopu inafungwa.

Za Kiswahili je?

Hizi zinapotea kwa njia zake. Simulizi nyingi za majini, wachawi na mabweni zilikuwa kwenye bloguspoti na Facebook, "sehemu ya 14, itaendelea", halafu haikuendelea. Mwaka 2018 Tanzania ilikuja na kanuni za maudhui ya mtandaoni, bloga alitakiwa leseni na gharama zake zikafika kama milioni 2.1, kuna waliofunga virago. Kwa bloguspoti jaribu Wayback na mwisho wa blogspot.com, ukikosa weka miisho ya nchi kama .co.ke na .co.uk, halafu jaribu tena ukiongeza ?m=1 mwishoni, hilo ni toleo la simu na mara nyingine ndo lililokopiwa peke yake.

Za Facebook Wayback haikusaidii sana. Hapo unatafuta watu. Ingia WhatsApp yako mwenyewe, andika jina la mhusika kwenye kutafuta, unaweza kushangaa kuna mtu alifowadi kwenye grupu la darasa 2016. Angalia pia wanaosoma simulizi kwa sauti YouTube, wengi walichukua bila kuomba ila ndo wamezihifadhi.

Atakuja mtu, "tuma buku mbili nikupe sehemu zote". Anaweza kuwa mwandishi halali, wengi wanaishi hivyo na walipwe. Mwombe aya moja ya katikati, siyo sehemu ya kwanza maana hiyo kila mtu anayo. Mwenye kazi yake anakutumia palepale, tapeli anakuwa mkali.

Ukimpata mwandishi

Kuna walioandika wakiwa na miaka 14 na sasa hivi ni mameneja wa benki, hawataki kuonwa. Kuna waliofuta kwa sababu wameuza, maana hizi hadithi zinanunuliwa, hata Candle Cove, ambayo yenyewe haikufutwa, ilikuja kuwa tamthilia ya TV 2016, na pale r/nosleep, jukwaa la hadithi za kutisha huko Reddit, waandishi huwa wanafuta wakipata mkataba. Mwandikie mara moja, kwa adabu, kwa jina lile analotumia mtandaoni. Asipojibu ndo jibu. Usichimbe jina lake halisi, mtaa wake, picha za familia yake, halafu umwage kwenye grupu uitwe mpelelezi. Nimeona mtu anasumbuliwa hivyo kwa hadithi ya kurasa tatu, ni aibu.

Ukiomba msaada kwa wasakaji wenzako, pale Lost Media Wiki, tovuti ya wanaosaka vitu vilivyopotea, au kwingine, andika zile pande mbili za karatasi yako kama zilivyo, taja na ulikotafuta tayari. Yaani hivi: "Niliisoma kati ya Machi na Juni 2011, maandishi, Kiingereza, ukurasa mweusi. Uhakika: mlinzi, kamera, kiti, ghorofa ya nne. Nahisi: mji wenye baridi. Nimeshajaribu Google kwa Kiingereza na Kireno." Hiyo inapata majibu. "Wadau naombeni ile hadithi ya kiti" haipati.

Na kiti nilikipata. Mbrazili mmoja aliitafsiri, akaacha linki, linki ilikuwa imegeuka tovuti ya kubeti, Wayback ilikuwa na kopi moja tu. Maandishi meupe, ukurasa mweusi, moyo unanidunda kabisa. Nikasoma mpaka chini. Mlinzi anaacha kazi, anahama mji, hadithi imeisha. Hakuna kiti kufika kwenye kamera, hakuna chumba chake kuonekana kwa nyuma. Nikaangalia toleo la Mbrazili, hakuna.

Nikampigia jamaa yangu wa Morogoro, sasa hivi ana duka la spea, nikamuuliza ule mwisho ulioniambia 2011 uliutoa wapi. Akacheka mpaka akakohoa. Akasema siku ile alikuwa anaangalia msimamo wa ligi, hadithi yenyewe hakuwahi kuifungua.